Watu walilia, maboya hayakuvaliwa

SWALI: Sisi ni kikundi cha vijana 14 hapa mwalo wa Kayenze, Ilemela, kando ya Ziwa Victoria. Tarehe 25 Julai mwaka jana, Siku ya Kuzuia Kuzama Duniani, tulimwalika mama mmoja aliyenusurika mtumbwi wa abiria ulipopinduka. Alisimulia vizuri mno, watu walilia, hata mwenyekiti wa mtaa alifuta machozi. Wiki mbili baadaye tulikaa mwaloni jioni tukiangalia mitumbwi ikitoka: hatukuona mvuvi hata mmoja aliyevaa boya (jaketi okozi). Mwaka huu, 2026, tunataka kurudia. Tunafikiria pia kumleta mzee aliyenusurika ajali ya meli ya MV Bukoba, na redio moja ya mjini imetupa dakika kumi. Tulikosea wapi? Na hizi simulizi za manusura zinasaidia kweli, au tunawatonesha watu vidonda bure? (Katibu wa kikundi)

JIBU: Ndugu Katibu, zinasaidia, ila si kwa kazi mliyoipa ile ya mwaka jana. Nitafika hapo. Tuanze kwanza na kalenda, maana sehemu ya jibu lenu iko angani.

Tarehe 24 Julai 2025 hapakuwa na mwezi kabisa. Mkutano wenu wa kesho yake uliangukia katikati ya giza, na ninyi mnajua giza lina maana gani kwa mvuvi wa dagaa: usiku yuko kilindini na taa zake, asubuhi anashusha mzigo, mchana amelala kama gogo, saa kumi na moja jioni anajaza mafuta. Nani basi alikuja kuwasikiliza? Akina mama wanaoanika dagaa, wachuuzi, wanafunzi, viongozi wa mtaa. Walilia, na walikuwa na haki ya kulia, lakini si wao wanaokwenda kutega usiku. Mwaka huu mna bahati. Mwezi mpevu ni tarehe 29 Julai, kwa hiyo siku yenu itakuta mbalamwezi imekolea na wavuvi wengi wa dagaa wako nchi kavu wanashona nyavu. Wa sangara hawasubiri giza, hao wafuateni asubuhi kwenye mzani.

Kuna mtu mwingine ambaye naamini hamkumwalika: tajiri. Mtumbwi ni wake, injini ni yake, mafuta ni yake, na mapato hugawanywa baada ya gharama kutolewa. Boya linanunuliwa na tajiri au halinunuliwi. Kijana wa zamu anaweza kulia mpaka macho yavimbe, jioni akifika chomboni akakuta maboya mawili kwa watu watano, atafanya nini? Mkiandaa simulizi, andikeni juu ya karatasi, kabla ya kitu kingine chochote, jina la kazi ya mtu mnayetaka abadilike na jambo moja mnalotaka alifanye. Tajiri: anunue boya kwa kila kichwa kabla giza la Agosti halijaanza. Mvuvi: alivae akiwa bado nchi kavu. Hayo ni mambo mawili kwa watu wawili, na huenda yakahitaji manusura wawili.

Sasa simulizi yenyewe. Zipo kazi mbili ambazo simulizi ya manusura huifanyia kampeni, na watu huzichanganya.

Ya kwanza ni kuvunja ukimya. Ng'ambo ya ziwa letu hili, mwaka 1989, mwanamuziki wa Uganda Philly Bongoley Lutaaya alitangaza hadharani kwamba ana virusi vya UKIMWI, akazunguka mashuleni na makanisani kulisema hilo, mpaka alipofariki Desemba mwaka huohuo. Wakati huo ugonjwa ulikuwa unasemwa kwa mafumbo. Kumwona mtu mashuhuri akisimama na kusema "ninao" kulikuwa ndio ujumbe wote. Hakuhitaji kuongeza kitu. Simulizi za wanawake waliopona fistula au saratani ya mlango wa kizazi hufanya kazi hiyohiyo: zinaondoa aibu.

Kuzama hakuna aibu ya kuondoa. Hapo Kayenze hakuna nyumba isiyojua kwamba ziwa linaua. Kwa hiyo simulizi inayoishia kuthibitisha kwamba ziwa linaua haijamwambia mvuvi kitu kipya, imemkumbusha tu huzuni aliyokuwa ameiweka pembeni ili aweze kwenda kazini. Ninyi mlihitaji kazi ya pili, ya kusogeza mkono wa mtu uguse boya, na hiyo ina masharti yake.

Mtafiti wa mawasiliano Kim Witte alilieleza jambo hili mwaka 1992. Mtu akitiwa hofu hupima vitu viwili: hatari ni kubwa kiasi gani, na mimi naweza kuikwepa? Akiona hatari ni kubwa na njia anaiweza, anashughulika na hatari. Akiona hatari ni kubwa na njia hana, anashughulika na hofu yenyewe: anatania, anabadilisha mada, anasema siku ikifika imefika. Msiwalaumu wavuvi kwa usemi huo. Ndivyo binadamu yeyote anavyojipa usingizi. Ukimtisha zaidi atausema kwa sauti kubwa zaidi.

Marekani, kuanzia mwaka 2012, taasisi yao ya kudhibiti magonjwa, CDC, ilirusha matangazo ya watu waliokuwa wavutaji sigara, akiwemo mama aliyeongea kupitia tundu lililotobolewa kooni. Yalitisha kweli. Lakini yaliisha na namba ya simu ya bure ya kusaidiwa kuacha, au anwani ya mtandaoni ya msaada huohuo, na makadirio yaliyochapishwa mwaka uliofuata yalionyesha kwamba wavutaji zaidi ya milioni 1.6 walijaribu kuacha kwa sababu ya kampeni ile. Hofu ilikuja na mlango wa kutokea. Mlango wa kwenu mwaka jana ulikuwa wapi? Kama mama alimaliza kwa "vaeni maboya" na hapo uwanjani hapakuwa na boya hata moja la kushika, kujaribu au kuulizia bei, basi mlango ulifungwa.

Kuna tatizo jingine, na hili ndilo ningependa mlitafakari kuliko yote. Manusura, kwa maana ya neno lenyewe, ni yule aliyebaki. Anasimulia kilichomwokoa yeye. Waliofanya vilevile wakafa hawapo mkutanoni kutoa maelezo. Kwa hiyo mara nyingi sana simulizi ya ziwani inafundisha kinyume cha kampeni bila msimulizi kukusudia. "Niliogelea mpaka nikaona taa." Msikilizaji anabeba nini? Kwamba anayejua kuogelea hana shida. "Nilishika dumu." Msikilizaji anaangalia madumu yake manne ya mafuta na kujisemea: mbona ninayo.

Dumu hasa linahitaji hesabu ya wazi, kwa sababu mkidanganya hapa wavuvi watawacheka. Dumu la lita 20 likiwa tupu na kizibo kimekazwa linabeba karibu kilo 19 majini. Boya lenye alama ya 100N linabeba kilo kumi hivi, na la 50N tano. Kwa karatasi, dumu linashinda. Tena mtu mzima akiwa majini anahitaji kama kilo nne au tano tu ili kichwa kibaki juu. Kinachoua ni kwamba dumu linashikwa, boya linavaliwa. Maji ya ziwa letu juu yana joto la nyuzi 24 hadi 27, mwili una 37. Saa zikienda mwili unapoa, vidole vinakufa ganzi, wimbi linapiga, dumu linateleza, na upepo unalichukua haraka kuliko unavyoweza kulifuata. Ukizimia unaliachia. Boya la 100N linakusaidia kulala chali mdomo ukiwa juu ya maji, la 150N limetengenezwa kumgeuza hata aliyezimia, na la 50N ni la mtu anayejua kuogelea karibu na ufuko, si la kilindini. Waambieni wavuvi hivyohivyo. Dumu ni msaada wa pili, na lifungwe kamba.

Halafu lipo jambo la ushuhuda. Kwetu, mtu akipewa kipaza sauti asimulie alivyopona, anaingia moja kwa moja kwenye mtiririko anaoujua tangu utotoni: nilikuwa gizani, nikalia, Bwana akasikia, leo nimeokoka. Na Kiswahili chenyewe kinamsukuma, maana aliyeokoka majini na aliyeokoka kanisani ni neno moja. Msimkatize. Imani yake ni yake, na pengine ndiyo iliyompa nguvu ya kung'ang'ania usiku kucha. Ila muujiza hauigiki. Msikilizaji hawezi kwenda dukani kununua muujiza. Kazi yenu ni kuuliza maswali yanayoleta sehemu inayoigika, kisha kuipa nafasi ndani ya ushuhuda wake huohuo: Mungu alinisaidia, na mkono wangu ulifanya hivi.

Acheni nionyeshe tofauti. Huu ni mfano niliotunga, si wa mtu halisi. Hivi ndivyo simulizi nyingi zinavyokuja:

"Tulitoka saa kumi na mbili jioni, tulikuwa watano. Usiku wa manane upepo ukaja ghafla, mtumbwi ukapinduka. Nikawasikia wenzangu wanaita, mmoja mmoja wakanyamaza. Nikashika dumu nikamwomba Mungu. Alfajiri nikaokotwa na wavuvi wa Ukerewe. Ndugu zangu, ziwa halina huruma. Vaeni maboya."

Na huyuhuyu, tukio hilohilo, baada ya kuulizwa kwa utulivu:

"Maboya yalikuwemo mawili, tumeyalalia, nyavu juu yake. Yalinunuliwa kwa ajili ya wakaguzi. Saa nne usiku niliona radi upande wa Ukerewe, nikamwambia nahodha, akasema iko mbali. Mtumbwi ulipolala, nyavu zilikuwa zimeyafunika maboya, hatukuyapata. Nilikumbatia dumu, likaniponyoka mara tatu. Mara ya tatu nikalifunga kiunoni na kamba ya taa. Mwenzangu alikuwa na dumu kama langu. Hakuwa na kamba. Siku hizi boya nalivaa nikiwa bado nakanyaga mchanga, kabla injini haijawaka."

Idadi ya waliokufa haikutajwa, vilio havikutajwa, na bado inauma zaidi. Lakini angalieni alichokibeba msikilizaji: boya chini ya nyavu ni sawa na boya dukani, radi ya mbali ni taarifa, dumu bila kamba si kitu, na sentensi ya mwisho ina saa, mahali na tendo. Hiyo ndiyo sentensi mnayoitafuta. Mkishaipata, iwekeni kwenye bango, na mtangazaji aitamke mara mbili. Kama manusura wenu mwenyewe bado havai boya (wapo, na wana sababu zao), msimtungie. Tafuteni mwingine.

Maswali yanayoileta ni ya kawaida kabisa: Kabla hamjatoka, boya lilikuwa wapi? Nani aliamua mtoke? Kuna kitu ulikiona ukanyamaza? Mikono yako ilishika nini, kwa muda gani? Leo ukitoka unafanya nini tofauti? Swali la "ulijisikiaje ulipomwona mwenzako anazama" lifuteni kwenye daftari. Linaleta machozi na halileti kitu kingine.

Neno "ghafla" pia lifuatilieni kidogo. Usiku nchi kavu inapoa kuliko maji, hewa inavuma kutoka pande zote za ziwa kuelekea katikati, inakutana juu ya maji yenye joto na kupanda, na hapo ndipo mawingu ya radi yanapozaliwa. Ndiyo maana dhoruba za Ziwa Victoria hupenda usiku wa manane mpaka asubuhi. Kwa aliye ndani ya mtumbwi ni ghafla kweli, ila Mamlaka ya Hali ya Hewa, TMA, hutoa utabiri wa ziwa, na BMU yenu, kikundi cha usimamizi wa mwalo, inaweza kuubandika mwaloni kila alasiri. Manusura akisema ghafla, mtu wa BMU afuatie kwa dakika moja na karatasi ya siku ile mkononi.

Yule mama wa mwaka jana hakukosea chochote. Yeye alikuwa abiria, na mvuvi anaposikia simulizi ya abiria anajiambia kimoyomoyo: hao hawajui maji. Mahali pake ni kwenye mitumbwi ya kwenda visiwani, kwa akina mama wafanyabiashara wanaopanda asubuhi na viroba vyao. Ujumbe wake ni wa kuhesabu vichwa na kudai boya kabla ya kulipa nauli. Mzee wa MV Bukoba naye vivyo hivyo. Meli ile ilizama tarehe 21 Mei 1996, mamia wakafa, na makaburi ya Igoma yanaonekana mpaka leo. Kila mtu Mwanza ana ndugu au jirani aliyeguswa. Lakini mvuvi wa Kayenze akisikia habari ya meli, mawazo yanakwenda kwa serikali, kwa nahodha, kwa mizigo iliyozidi, hayaji kwenye mtumbwi wake wenye watu watano. Mzee huyo mpeni heshima ya siku yake, tarehe 21 Mei, au mpangeni pamoja na mama katika ujumbe wa kuzidisha abiria. Hapo ana uzito ambao hakuna mwingine anao, hasa ukikumbuka MV Nyerere, kivuko kilichokuwa na uwezo wa watu 101, kilivyopinduka tarehe 20 Septemba 2018 karibu kabisa na gati la kisiwa cha Ukara: waliokufa walizidi 220, waliotolewa hai ni 41. Karibu na gati. Hilo peke yake linajibu wanaosema "si mbali, tunavuka tu".

Kwa wavuvi, tafuteni mvuvi. Wa dagaa kwa wa dagaa, ikiwezekana wa mwalo wa jirani kuliko wa kwenu, maana wa kwenu kila mtu anajua ugomvi wake na ndugu wa marehemu. Kama Kisukuma, Kijita au Kikerewe ndicho kinachotoka vizuri mdomoni mwake, asimulie hivyohivyo na mmoja wenu atafsiri. Kiswahili cha mkutano hufanya watu waseme vitu vya mkutano.

Dakika kumi za redio zigawanyeni mapema, la sivyo mtangazaji atazigawa yeye. Ningempa manusura dakika nne, ambazo ni kama maneno 440, tajiri aliyenunua maboya dakika mbili aeleze aliyapata wapi na kwa bei gani, mtu wa hali ya hewa au BMU dakika mbili, na zinazobaki ziwe za mahali na saa ya maonyesho mwaloni. Irekodiwe, isiwe mubashara. Kwenye mubashara mtangazaji akiona machozi anachimba zaidi, na wapiga simu huuliza mambo ambayo hakuna mtu anayepaswa kuulizwa. Rekodini ndani ya chumba chenye godoro na mapazia, si ufukweni, kwa sababu upepo wa ziwa ukigonga kipaza sauti cha simu utasikika kama lori. Simu iwe umbali wa shubiri moja kutoka mdomoni, mtandao umezimwa. Ombeni kipindi cha kati ya saa tisa na saa kumi na moja jioni, redio za mwaloni zikiwa zimewashwa na mafuta yanapimwa.

Mtu atapendekeza kaulimbiu "Usiwe boya, vaa boya". Vijana wataipenda, na kwenye fulana itakaa vizuri. Msiiweke mara tu baada ya simulizi ya mtu aliyefiwa, wala msiitumie mahali ambapo ndugu wa aliyezama bila boya wamekaa wanasikiliza, kwa sababu kwa masikio yao mmemwita marehemu mjinga. Neno "jaketi okozi" nalo liacheni kwenye barua za ofisini. Mwaloni ni boya.

Kuhusu kutonesha vidonda: ndiyo, inawezekana kabisa, na kuzuia kunahitaji kazi zaidi ya kusema pole. Ajali iliyotokea chini ya miezi sita mimi nisingeigusa. Mwendeeni mtu mara mbili, mara ya kwanza bila simu ya kurekodi, mkaeleze mnataka nini, nani atasikia, itarushwa mara ngapi. Mwacheni siku tatu. Mkirudi, mpeni chaguo la kila kitu peke yake: jina, sura, sauti, jina la mwalo wake. Wengi hukubali sauti na kukataa sura, na karatasi yenye sahihi moja ya "nimekubali" haionyeshi hilo. Karatasi isomwe kwa sauti kwa lugha anayoielewa. Mwambieni ukweli kwamba redioni mnaweza kusitisha kurudia kipindi, lakini kikishaingia kwenye makundi ya WhatsApp hakirudi. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 2023, inawahusu hata ninyi vijana 14. Aliye chini ya miaka 18 msimpandishe jukwaani, hata mzazi akikubali.

Ndugu wa waliokufa katika ajali hiyo waarifiwe kabla, si waombwe ruhusa ya simulizi ya mwingine, waarifiwe tu, ili wasilisikie la baba yao redioni wakiwa sokoni. Na nahodha asitajwe jina. Kama suala liko polisi au mahakamani, sehemu ya nani alikosea ondoeni yote.

Posho itajwe mapema: nauli ya kwenda na kurudi, na fedha inayolingana na kazi ya siku anayoikosa, analipwa kamili hata akisimama katikati na kusema siwezi. Kubalianeni ishara, kwa mfano akiweka kitambaa mezani mnazima. Akae na mtu wake aliyemchagua mwenyewe. Asimulie mara mbili au tatu kwa mwaka, basi. Anayezungushwa kila mwalo huanza kuisema kama shairi la kukariri, naye hudhoofika. Kesho yake mpitieni, na tena baada ya wiki. Kama hapati usingizi, hataki kula, anaogopa kukaribia maji wakati riziki yake iko humo, au anaongea habari za kufa, msibaki mkimfariji wenyewe: afisa ustawi wa jamii wa manispaa, kituo cha afya, au idara ya magonjwa ya akili pale hospitali ya Bugando.

Siku ya maonyesho wekeni maboya ya saizi mbili tatu na kamba zake, na karatasi ya bei. Waonyesheni lililolaliwa msimu mzima lilivyobonyea kando ya jipya. Sponji ikishakandamizwa hainyanyuki tena, na jua hulifanya turubai lake likatike. Malalamiko ya kweli ya wavuvi ni joto na kwamba linakwaza kuvuta nyavu, kwa hiyo chagueni yenye makwapa mapana na mumpe mvuvi avute wavu halisi amelivaa. Anayejaribu kuelea aingie kutoka kwenye mtumbwi uliosogezwa mbali kidogo, si kwenye magugu ya ufukweni ambako kichocho kinasubiri, na watoto wabaki juu.

Halafu hesabuni, maana mwaka jana mlihesabu baada tu, hamkuhesabu kabla. Giza la Julai lina kilele tarehe 14 na la Agosti tarehe 12. Wawili wenu wakae mwaloni tarehe 13, 14 na 15 Julai, kisha 11, 12 na 13 Agosti, kuanzia saa kumi na moja mpaka saa moja kasoro. Daftari liwe na safu nne: mitumbwi iliyotoka, watu waliomo, waliovaa na kufunga kamba, maboya yaliyoonekana bila kuvaliwa. Msivae fulana za kampeni siku hizo, kwa sababu wavuvi watavaa kwa ajili yenu, wakifika mbele wanavua. Safu ya nne ikipanda na ya tatu ikabaki palepale, tajiri amesikia na mvuvi bado, nanyi mtajua simulizi ipi ya kurekebisha. Waulizeni pia wavuvi 20 wanakumbuka nini. Wakikumbuka waliozama na hawakumbuki "kabla injini haijawaka", rudini kwenye rekodi.

Hesabu hiyo, iwe nzuri au mbaya, mpelekeeni kwanza mvuvi aliyesimulia, kabla ya mwenyekiti na kabla ya redio. Na pitieni kwa yule mama wa mwaka jana mkamweleze kwa nini safari hii mnamtaka kwenye boti za abiria.